Kitabu Kisichofunguliwa Kotini

Katika kesi za tenda ya vitabu vya shule kuna kitu kimoja kisichofunguliwa, nacho ni kitabu. Zitafunguliwa bahasha za bei. Zitasomwa barua za kuwaarifu walioshinda na walioshindwa, vitakaguliwa vyeti vya kodi na dhamana za benki, na fomu iliyosahauliwa kutiwa sahihi itabishaniwa asubuhi nzima. Mawakili watahesabu siku kwa vidole: barua ilifika Ijumaa au Jumatatu? Lakini usitaraji kumsikia mtu akiwasomea majaji hesabu ya ukurasa wa 43 na kuuliza kama jawabu lake ni sahihi. Sheria haikumpa jaji kazi hiyo. Jaji aulizwa kama utaratibu ulifuatwa, naye hujibu alichoulizwa.

Ukiyatazama haya kutoka Mombasa utaona kichekesho chake. Mji huu ndio uliosimamia shindano kubwa kuliko yote yaliyowahi kufanywa kuhusu vitabu vya Kiswahili, na halikuwa na rufaa. Mnamo Juni 1928 wajumbe wa serikali za kikoloni za Afrika Mashariki walikutana hapa kuamua Kiswahili cha wapi kitapigwa chapa katika vitabu vya shule. Wamisionari waliokuwa na makao Mombasa walikipigania Kimvita, wenzao wa Unguja wakakipigania Kiunguja, na Kiunguja kikashinda. Miaka miwili baadaye ikaundwa Kamati ya Kiswahili, ikawa yakagua miswada kabla ya kuruhusiwa kuingia darasani. Lugha ya Muyaka, mshairi wa Mombasa, ilishindwa mlangoni mwake, na waliokuwa wakiizungumza Kibokoni na Kuze hawakupewa barua ya kuwaeleza walipungukiwa alama ngapi. Hatua chache kutoka Fort Jesus lilikuwapo tayari jengo la mahakama lililojengwa 1902. Hakuna aliyelipanda kwenda kulalamika, na angelalamika kwa sheria gani?

Leo sheria ipo, tena ina meno. Ibara ya 227 ya Katiba ya 2010 yataka ununuzi wa umma uwe wa haki, wa usawa, wa wazi, wa ushindani na wa gharama nafuu. Sheria ya Ununuzi wa Umma ya 2015, iliyoanza kutumika Januari 2016, ikaonyesha njia ya kupita. Mzabuni asiyeridhika ana siku 14 za kufika mbele ya bodi ya kukagua malalamishi ya ununuzi, ile ijulikanayo kwa herufi PPARB, iliyoko Nairobi. Malalamishi yakishapokewa, tenda husimama. Bodi ina siku 21 za kuamua. Asiyeridhika na Bodi ana siku 14 za kwenda Mahakama Kuu, nayo ina siku 45. Kutoka hapo ni siku 7 za kukata rufaa, na Mahakama ya Rufaa ina siku 45 zake. Halafu kuna kifungu ambacho wengi hukiruka wakisoma: mahakama ikishindwa kuamua ndani ya muda wake, uamuzi wa Bodi ndio unaobaki. Kesi yaweza kumalizwa na kalenda peke yake.

Zijumlishe siku hizo kila mtu akitumia zake zote. Ni 146. Tuseme barua ya matokeo ya tenda imetoka tarehe 10 Agosti. Mwisho wa safari ni tarehe 3 Januari, wiki ambayo watoto wa Kenya hurudi shule, na mtambo wa chapa bado haujawashwa. Karatasi haijakatwa, wala lori halijapangiwa njia ya Likoni au ya Lamu. Wanasheria wauita muda huu mfupi, na kwao ni mfupi kweli, maana kesi za ardhi mjini humu watu hurithishana. Kwa mtoto wa darasa la kwanza siku 146 ni zaidi ya muhula.

Kwa hiyo katika kesi za vitabu kila upande una silaha ya saa. Aliyeshindwa ajua kwamba kuchelewesha kwenyewe kuna thamani, kwa kuwa serikali yenye haraka huwa tayari kuzungumza. Wizara nayo yajua kwamba Januari ikikaribia, jaji atasita kusimamisha vitabu vya mamilioni ya watoto kwa sababu ya kasoro katika fomu. Wote wawili husema “maslahi ya mtoto”, na mtoto hana wakili humo.

Kesi iliyolionyesha jambo hili waziwazi haikuwa ya vitabu, ila ilikuwa ya chapa, na ya jirani zetu wa ng’ambo ya bahari. Kampuni ya Al Ghurair ya Dubai ilipewa kazi ya kuchapa karatasi za kura za uchaguzi wa 2017, tenda ya takriban shilingi bilioni 2.5. Februari mwaka huo Mahakama Kuu ikaifuta tenda hiyo katika kesi iliyoletwa na muungano wa upinzani, CORD. Tume ya uchaguzi ikarudi kwa mlango mwengine: ikainunua huduma hiyo hiyo moja kwa moja, bila shindano, kutoka kwa kampuni ile ile. Upinzani ukarudi kotini, na tarehe 7 Julai majaji watatu wakaifuta kazi ya kuchapa kura za urais kwa sababu umma haukushirikishwa. Tarehe 20 Julai Mahakama ya Rufaa ikaupindua uamuzi huo, ikisema ushirikishwaji wa umma si sharti katika ununuzi wa moja kwa moja. Zilikuwa zimebaki siku 19 uchaguzi ufike. Hesabu alichopata kila mmoja. Aliyeshinda mara mbili katika Mahakama Kuu hakupata kitu, na karatasi za kura zilitoka Dubai kama ilivyopangwa tangu mwanzo.

Mimi siwalaumu majaji wa rufaa. Ungefanya nini, siku 19? Ila somo hilo lilisikika katika kila ofisi ya ununuzi nchini: ukitaka tenda yako iokoke, ichelewe.

Vitabu vya shule navyo vilifika kwenye mfumo wa sasa kwa njia ndefu, na bila ya kuijua njia hiyo mtu hataelewa ni nani aliyetolewa nje ya mlango. Hadi miaka ya 1980 serikali ilikuwa ikiagiza vifaa vya shule kutoka makao makuu na kuvigawa. Kisha wazazi wakaambiwa wachangie gharama, vitabu vikawa mzigo wao, na maduka ya vitabu yakanawiri. Sera ya 1998 ikasema shule za msingi zichague vitabu zenyewe kutoka orodha iliyoidhinishwa, na zivinunue madukani. Elimu ya msingi ya bure ilipokuja 2003 chini ya Mwai Kibaki, kila mwanafunzi alitengewa shilingi 1,020 kwa mwaka. Kati ya hizo, 650 ziliingia katika akaunti ya shule ya vifaa vya kufundishia, ambayo walimu waliizoea kwa jina la akaunti ya SIMBA. Orodha ilitoa hadi vitabu sita kwa somo moja. Kamati ya shule, yaani mwalimu mkuu, walimu wa masomo na wazazi, ilikaa ikachagua.

Kuna duka moja la vitabu Mombasa ambalo nimeliingia tangu nikivaa kaptura. Mwenyewe ni mzee sasa, ana kofia ya vito na daftari la jalada gumu ambalo ndani yake mna mihuri ya shule kutoka Tononoka hadi Changamwe. Alinifungulia siku moja.

“Zamani, mwanangu, mwalimu mkuu alikuwa akija hapa na barua yake na muhuri. Atizama, apekua, aniambia, hichi sikitaki, karatasi yake yapasuka. Nami namtolea chengine.”

“Na sasa, ami?”

“Sasa lori lapita hapo nje laenda skuli, nami natizama.”

Nikamuuliza kwa nini wao wenye maduka wasingekwenda kotini. Akanicheka.

“Nimshitaki nani? Mimi sikuomba tenda.”

Alikuwa amekieleza kifungu cha 167 bila kukisoma. Anayeweza kufika mbele ya Bodi ni aliyechukua nyaraka za tenda au aliyewasilisha zabuni, tena adai kwamba amepata hasara au yuko karibu kuipata. Mwenye duka hakuomba. Mwalimu hakuomba. Mzazi wa Majengo ambaye kitabu cha mwanawe kimejaa makosa hakuomba. Kwao umebaki mlango wa Katiba katika Mahakama Kuu. Mlango huo uko wazi kwa kila mwananchi, lakini huko hakuna ukomo wa siku 45, na wakili hana bei ya akaunti ya SIMBA.

Mabadiliko yenyewe yalikuja mwishoni mwa 2017, Fred Matiang’i akiwa Waziri wa Elimu. Serikali ikasema itanunua kitabu kimoja kwa kila somo moja kwa moja kutoka kwa wachapishaji, na kitapelekwa hadi mlangoni mwa shule, kila mtoto na chake. Taasisi ya Ukuzaji Mitaala, KICD, ndiyo ingepokea miswada, ingeitahini na kuchagua. Januari 2018 malori yakaanza kupita. Mwaka haujachanganya, walimu na vyama vyao wakaanza kulalamika juu ya makosa ndani ya vitabu. Yalikuwa ni malalamiko ya aina ambayo zamani yangemalizika dukani kwa mzee wangu: hichi sikitaki, nipe chengine. Sasa hakukuwa na chengine. Kitabu kimeshachaguliwa kwa nchi nzima, na kimepigwa nembo ya serikali na maneno kwamba hakiuzwi. (Hakiuzwi, lakini nimekiona kikiuzwa kwenye kibanda, nembo imebandikwa karatasi juu yake, na muuzaji hata hakujali kuisawazisha.)

Hili ndilo ninaloliona kuwa kiini cha kesi zote hizi. Kadiri uteuzi wa kitabu ulivyopanda juu, ndivyo idadi ya wenye haki ya kukikataa ilivyopungua. Walikuwa maelfu ya kamati za shule, kila moja na jicho lake. Sasa ni wachapishaji wachache walioshindwa, nao hukataa kwa sababu zao, ambazo ni za biashara. Mahakama imepewa kazi iliyokuwa ya kamati ya wazazi bila kupewa macho ya wazazi. Ndiyo maana kesi yaweza kuendeshwa kwa ustadi, hukumu ikaandikwa vizuri, na bado mwalimu akabaki na kitabu kile kile.

Lakini haki isemwe: mfumo wa zamani haukuwa pepo. Risiti zilikatwa za vitabu ambavyo havikutoka rafuni. Walikuwapo walimu wakuu waliouliza asilimia yao kabla ya kuuliza bei, na mkono mtupu haulambwi. Mzee wangu mwenyewe, nilipomgusia hilo, alilifunga daftari taratibu na kuagiza kahawa. Desemba 2009 Uingereza ilisimamisha msaada wake kwa elimu ya Kenya kwa sababu ya fedha zilizopotea wizarani, na Marekani ikafuata mwezi uliofuata. Aliyesema 2017 kwamba fedha zisipite mikono mingi hakuwa akisema upuuzi.

Ila rushwa haikuwa madukani tu, na hapa kesi kubwa kuliko zote za vitabu vya shule Afrika Mashariki yatufunza mengi, kwa kuwa haikusikizwa Nairobi, Mombasa wala Dar es Salaam. Ilisikizwa London. Mwaka 2011 kampuni ya Macmillan iliamriwa na Mahakama Kuu ya huko kulipa zaidi ya pauni milioni 11 kwa mapato yaliyochafuliwa na mwenendo usio halali katika kutafuta mikataba ya elimu Rwanda, Uganda na Zambia. Tayari Benki ya Dunia ilikuwa imeifungia nje ya miradi yake baada ya jaribio la kuhonga Sudan ya Kusini. Julai 2012 ikawa zamu ya Oxford University Press. Matawi yake mawili, la Kenya na la Tanzania, yalikuwa yametoa hongo kupata mikataba ya serikali ya kuuza vitabu vya shule. Kampuni mama ilijiripoti yenyewe, mahakama ikaiamuru ilipe karibu pauni milioni 1.9, na Benki ya Dunia ikayafungia matawi hayo miaka mitatu. Kumbuka ni nani aliyelalamika. Si mshindani aliyeshindwa, si Bodi, si mkaguzi wa mahesabu wa kwetu.

Na fedha zilikwenda wapi? Za amri ya mahakama zilibaki Uingereza. Kampuni ilijitolea kutoa pauni milioni 2 nyingine kwa ajili ya mafunzo ya walimu Afrika, lakini waendesha mashtaka wa huko waliona ahadi hiyo isiingizwe katika amri. Linganisha na jirani. Kampuni ya BAE iliposhitakiwa kuhusu biashara ya rada na Tanzania na kutozwa faini Desemba 2010, pauni milioni 29.5 zilikubaliwa zirudi kwa Watanzania, na zikanunua vitabu na madawati. Wenyewe waziita “chenji ya rada”. Kesi ya rada ikazaa vitabu. Kesi ya vitabu haikuzaa hata kalamu.

Tanzania yafaa itazamwe kwa jambo jingine. Katika Kiswahili chetu neno “kuchapisha” labeba kazi mbili: ya yule anayekihariri na kukimiliki kitabu, na ya yule anayekitia wino. Wazee wa Mji wa Kale walitofautisha, wakasema “kupiga chapa” kwa kazi ya matbaa. Sheikh Al-Amin bin Ali Mazrui, aliyetoa magazeti ya Sahifa na Al-Islah mjini humu mwanzoni mwa miaka ya 1930, angeujua vyema umbali uliopo baina ya kuandika na kupata mtambo. Katika ununuzi wa serikali tofauti hiyo ni ya mabilioni. Tangu mwaka 2013 hivi Taasisi ya Elimu Tanzania huandika vitabu yenyewe, haki ya mwandishi ni yake, na inachotangaza tenda ni chapa na usambazaji. Kwa hiyo mzozo wa huko ni wa mtambo na karatasi. Kenya hununua kitabu kizima, mawazo na karatasi pamoja, kutoka kwa mchapishaji, na mchapishaji ndiye amtafutaye mpigachapa wake, pengine India. Kampuni ni ya Kenya, jalada lina bendera ya Kenya, na makontena yashushwa Kilindini kama ya mchele. Sheria yatoa upendeleo kwa bidhaa za nyumbani. Kitabu cha namna hii ni cha nyumbani kwa nani?

Na usidhani kuandika vitabu serikalini ndiyo dawa. Mwaka 2017 makosa ndani ya vitabu vya taasisi hiyo yaliwafanya wabunge wa Tanzania wapige kelele, na Waziri Joyce Ndalichako akawasimamisha kazi maofisa. Huko angalau ilijulikana nani wa kusimamishwa. Kwetu mchapishaji husema kitabu kiliidhinishwa na KICD, na KICD husema mwandishi ni wa mchapishaji. Halafu miongoni mwa wazabuni wamo Kenya Literature Bureau na Jomo Kenyatta Foundation, mashirika ya serikali yenyewe, yaliyo chini ya wizara ile ile ya elimu. Kampuni binafsi ikishindwa nao haihitaji ushahidi ili ishuku.

Upo pia ukuta ambao mlalamikaji hugonga kichwa kabla hata hajasikizwa. Sheria ya 2015 huuweka kando ununuzi unaofanywa chini ya mikataba baina ya Kenya na serikali au mashirika ya nje, na vitabu vingi vya miaka ya karibuni vimelipiwa kwa fedha za aina hiyo. Mradi mmoja wa shule za msingi ulitumia ruzuku ya dola milioni 88.4, na mwengine wa sekondari, wa Benki ya Dunia, dola milioni 200. Nguvu ya ukuta huu watu wa Mombasa waijua kwa reli. Mahakama ya Rufaa ilisema Juni 2020 kwamba ununuzi wa reli mpya, SGR, ulivunja sheria, miaka mitatu baada ya treni kuanza kupita Miritini. Mwaka 2023 Mahakama ya Juu ikasema la, ule ulikuwa mkataba wa serikali kwa serikali, haukufungwa na masharti hayo.

Kinachochekesha ni kwamba siku hizi hata aliyeshinda tenda hana raha. Kuelekea Januari 2025, kizazi cha kwanza cha Gredi ya 9 kilipokuwa karibu kuingia madarasani, wachapishaji walisema wanaidai serikali karibu shilingi bilioni 11 na kwamba hawana nguvu ya kuendelea kuchapa. Hawakukimbilia Bodi, wala Bodi haina kazi na madeni. Kazi yake humalizika mkataba unapotiwa sahihi. Walisimamisha mitambo tu. Amri ya mahakama huchukua wiki kupatikana. Mtambo huzimwa kwa swichi.

Wiki ya pili ya muhula huo nilikuwa kwenye kibanda cha fotokopi, mbele yangu mama mmoja wa buibui na kijana wake mrefu. Walikuwa wameazima nakala moja ya kitabu cha sayansi kutoka kwa jamaa aliyebahatika, nayo ilitakiwa irudi kwao magharibi. Mama alikuwa akihesabu kurasa na shilingi kwa pamoja, tano kwa kila ukurasa. Walipofika sura ya pili akamwambia mpiga mashine, “Simama hapo, baba. Nyengine tutakuja Ijumaa.” Kijana akazipanga karatasi, zingali na joto, akaomba stepla.